Kutoka lena hadi daraja D hapa Tanga: nilicholipa na nilichofundishwa

Leseni ya udereva ninayo, daraja D, na kila ninaposhusha mikate dukani kuna mwanamke mwenzangu ananivuta pembeni aniulize nimeipataje, imenila kiasi gani, na kama kweli mtu wa rika letu bado anafundishika. Nimechoka kurudia, kwa hiyo naandika yote hapa.

Mimi naoka boflo na skonzi Ngamiani. Wateja wangu wako Sahare, Mikanjuni na Duga. Miaka yote nilikuwa nakodi kirikuu, kigari kidogo cha mizigo, pamoja na dereva wake. Dereva akiamka na homa, au akipata mzigo wa Muheza wenye pesa nzuri kuliko yangu, mikate inabaki kwenye trei na simu haipokewi. Na boflo ya jana haina mnunuzi. Mwisho nikanunua kirikuu changu mwenyewe, kimetumika lakini kizima, kikawa kinakaa uani kinaoshwa tu kwa sababu hakuna wa kukiendesha. Hapo ndipo nikaenda chuo cha udereva.

Tuanze na pesa maana ndilo swali la kwanza la kila mtu. Upande wa serikali hakuna mafumbo. Leseni ya kujifunzia, yaani lena, ni shilingi 10,000 na inakaa miezi mitatu. Mtihani ni 3,000. Leseni kamili ni 70,000 kwa miaka mitano. Wapo wanaolalamika kwamba zamani ilikuwa 40,000, na ni kweli, lakini ile ilikuwa ya miaka mitatu. Mwaka 2019 ndipo muda ulipoongezwa na ada ikapanda. Piga hesabu utaona kwa mwaka ni 14,000, zamani ilikuwa elfu kumi na tatu na ushee. Tofauti haifiki bei ya boflo chache. Ukikamatwa na trafiki kwa kosa moja tu la gari unaandikiwa 30,000, zaidi ya gharama ya leseni kwa miaka miwili.

Kinachouma ni ada ya chuo. Mimi nililipa laki mbili na kitu, nikaruhusiwa kulipa kwa awamu. Chuo sikitaji jina, maana nina mazuri na mabaya ya kukisema na sitaki ugomvi na mtu.

Baya la kwanza lilitokea siku ile ile ya kujiandikisha. Karani alikuwa anajaza fomu huku akiongea na mwenzake, na pale kwenye daraja akaandika B bila kuniuliza. Nikamtazama.

"Mwanangu, mbona umeandika B?"

"Mama, B inakutosha. Gari la nyumbani."

Nikamwambia mimi sina gari la nyumbani, nina kirikuu cha kubebea mikate ya kuuza. Wanawake wenzangu, hapa tegeni sikio. Daraja B ni magari ya binafsi. Magari ya biashara hayamo. D ndiyo inayokuruhusu kuendesha magari yote isipokuwa pikipiki, malori makubwa na magari ya abiria. E ndiyo inayofika kwenye malori. Mtu mwenye genge, mwenye mgahawa, anayepeleka maji au mkaa kwa gari lake dogo, anahitaji D. Nilipochungulia fomu za wenzangu niliojiandikisha nao, kina dada wote walikuwa wameandikiwa B na vijana wa kiume wote D, na hakuna aliyeulizwa anakwenda kuendesha nini. Karani alifuta yangu akaandika D, hakubisha, na wala hakuona haya.

Baya la pili ni karatasi za alama za barabarani. Walitupa fotokopi nyeusi na nyeupe. Sasa mtu unajifunzaje alama ambazo nusu ya maana yake iko kwenye rangi? Duara lenye ukingo mwekundu linakukataza, duara la bluu linakuamuru ufanye, na kwenye fotokopi yote mawili ni duara la kijivu. Nilichukua penseli za rangi za mjukuu wangu, nikakaa barazani baada ya kufunga tanuri, nikapaka moja moja: pembetatu za onyo nyekundu pembeni, ile ya kusimama yenye pembe nane nyekundu yote. Kwa kweli kupaka kulinisaidia kukariri kuliko darasa lenyewe, lakini ada nimelipa na rangi nilitegemea kuikuta humo.

Sasa mazuri, na hapa nitakaa kidogo. Walimu walikuwa wawili. Wa kwanza alipenda kutupeleka njia za Raskazone, barabara pana, miti, upepo wa bahari, magari machache. Unanyoosha usukani, yeye yuko na simu yake. Unashuka umefurahi unajiona dereva. Wengi walimpenda kwa sababu hakugomba. Mwalimu wa pili alikuwa anatuingiza Ngamiani, asubuhi, sokoni kumechangamka.

Anayeijua Ngamiani anajua maana yake. Barabara zina namba, zimenyooka, na kila hatua chache nyingine inaikata. Hakuna taa. Kona imezibwa na duka au banda la chipsi, huoni nani anakuja mpaka pua ya gari imeshatokeza. Bajaji wanapita kushoto kwako, mkokoteni wa ndoo za maji unakuja mbele yako, bodaboda anaona nafasi ambayo wewe huioni. Halafu baiskeli. Tanga kwa baiskeli hatuna mpinzani: mzee amefunga kapu la machungwa, kijana amembeba dada wa watu kwenye keria amekaa ubavu, mtoto anaendesha ya babake miguu haifiki chini. Hakuna hata mmoja atakayekuonyesha mkono kwamba anakata kulia.

Mwalimu akanifundisha kitu ambacho sijakiona kwenye karatasi yoyote. "Bi mkubwa, usimtazame tairi, mtazame bega." Mwendesha baiskeli kabla hajakata, bega la upande ule linashuka na shingo inageuka kidogo, hata kama hatazami nyuma. Ukiliona bega, ondoa mguu kwenye eksileta, uweke kwenye breki, subiri. Tangu siku ile naendesha nikitazama mabega ya watu. Hilo peke yake lilinirudishia ada.

Alikuwa pia na ujanja wake wa kufundisha kuondoka mlimani. Mji wetu ni tambarare, mlima wa kujifunzia hakuna, na mtihani unaweza kukudai usimame kwenye mwinuko na uondoke gari lisirudi nyuma. Yeye alitumia tuta. Anakusimamisha tairi za mbele zimegusa tuta, handibreki juu, kisha anashuka kuweka chupa tupu ya maji nyuma ya tairi la nyuma. Anarudi kukaa. "Haya, tuondoke." Unapandisha klachi taratibu mpaka gari linatetemeka kidogo na pua inanyanyuka, unaongeza mafuta, ndipo unashusha handibreki. Ukiwahi kushusha, unasikia chupa inalia. Watoto wa mtaani walikuwa wanakaa barazani kusubiri mlio, na chupa zikilia wanashangilia. Bora kushangiliwa na watoto kuliko kumrudia mtu mwenye bodaboda nyuma yako.

Jambo la baibui, kwa kuwa vijana wa chuo wanaona aibu kulisema. Baibui refu linaingia chini ya kisigino na kukaa kati ya mguu na pedeli, hasa unapohamisha mguu wa kulia kutoka eksileta kwenda breki. Mwalimu alilisema kwa adabu: likunje mapajani kabla hujawasha gari, na kandambili ziache nyumbani. Mimi sasa nina viatu vya kufunga vinavyokaa garini muda wote.

Jambo jingine, jifunzieni gari la manyuo, lile la gia za mkono. Wengine pale walidai otomatiki kwa sababu ni rahisi, na chuo kikawapa. Kirikuu nyingi zinazozunguka mjini hapa ni za gia. Utatoka na leseni, gari lako limekaa uani, na huwezi kulitoa getini.

Katika kipindi cha lena kuna watu wanadhani ile karatasi ni ruhusa ya kuzunguka peke yao. Siyo. Gari liwe na herufi L nyekundu mbele na nyuma, na pembeni yako akae mtu mwenye leseni ya gari la aina hiyo. Mwanangu ana ya pikipiki, akajitolea kuniongoza, nikamwambia asante baba, kaa.

Siku ya mtihani mkaguzi wa magari wa polisi alikuwa kijana. Akaniamkia kwanza, "Shikamoo mama," nikaitikia, nikadhani nimepata mkwe. Baada ya hapo hakukuwa na mama wala mwana. Aliniuliza alama, akaniuliza kwenye kipilefti nani anapita kwanza (aliyeko kulia kwako, yule aliyekwisha ingia), akaniambia nifungue boneti nimwonyeshe mahali pa kupima oili na pa kuweka maji. Nilimwonyesha kwenye gari la chuo. Kimoyomoyo nacheka, maana kirikuu changu injini iko chini ya kiti, ukifungua mbele hukutani nayo. Kisha barabarani: kugeuza, kurudi nyuma na kupaki kati ya nguzo, kusimama mahali atakapo yeye. Hakuongea njia nzima. Tuliporudi aliandika, akasema, "Mama, unatazama sana pembeni, ni vizuri." Mabega hayo.

Nikiwa nje nasubiri, kishoka alinijia. Wapo, mnawajua, shati limechomekewa, bahasha kwapani. "Mama yangu, ya nini kujichosha na jua hili? Ungenipa hela kidogo tu, leseni unaletewa nyumbani." Nikamuuliza na udereva nao unaletwa nyumbani? Akaondoka. Nawajua watu waliopita njia hiyo, na wanaendesha hivyo hivyo, mwenye baiskeli akiwaona anashuka kabisa.

Huko TRA, mamlaka ya mapato wanakotoa leseni, kulikuwa kwepesi kuliko nilivyotishwa. Unakwenda na cheti cha kufuzu, namba ya NIDA (ya kitambulisho cha taifa) na TIN, namba ya mlipakodi. Mimi TIN ya biashara nilikuwa nayo tayari. Asiyefanya biashara anapewa ya leseni, asiogope kwamba ataanza kudaiwa kodi. Unapewa namba ya malipo unalipa kwa simu, unachukuliwa alama za vidole, picha na sahihi. Picha na mtandio wangu walinipiga bila maneno, mradi uso wote uonekane. Usiende umelia wala umekesha, sura hiyo utaibeba miaka mitano.

Kitu kimoja kikubwa ambacho chuo hakikunipa ni giza. Masomo yote ni mchana, na kazi yangu mimi inaanza baada ya sala ya alfajiri. Saa hiyo baiskeli hazina taa, wavuvi wanarudi, wachuuzi wanakwenda sokoni, na bega huwezi kuliona. Nilizungumza na yule mwalimu wa pili, nikamwekea mafuta na kumpa cha mkononi, akanitoa alfajiri mpaka nikazoea kupunguza mwendo pale taa zangu zinapoishia. Hiyo ilikuwa nje ya ada, na naona ilipaswa kuwa ndani yake.

Na msiniombe niwabebee wageni wa harusi kwa nauli. Nimeshaulizwa, na jirani mmoja kaninunia. D si ya abiria. Abiria ni daraja C na ndugu zake, na C yenyewe, ya basi la watu 30 na kuendelea, inataka uwe umekaa na C1, ya mabasi madogo, au E si chini ya miaka mitatu. Mikate haina roho, watu wanayo.

Kama mnataka alama, chuo nakipa tatu kwa tano, yule mwalimu wa Ngamiani tano zote. Kabla hujatoa pesa yako nenda kaulize watakupitisha njia zipi, gari la kujifunzia ni la gia au la, wanatoa somo la giza au hawatoi, na utakaa na mwalimu yupi. Na fomu ikishajazwa isome mwenyewe pale kwenye daraja kabla hujaweka sahihi.