Itifaki ya Strong: namba zake ni dhahabu, kamusi yake isomwe kwa tahadhari

Itifaki ya James Strong, kitabu kinachoorodhesha maneno ya Biblia na aya yalimo, na kulipa kila neno la lugha ya asili namba yake, ilitoka mwaka 1890, na bado ni njia ya mkato ya kujua kuzimu ya Biblia inatokana na neno lipi. Kasoro ya kwanza: imejengwa juu ya Biblia ya King James, hivyo msomaji wa Union Version ya Kiswahili hawezi kuingilia kwa neno lake. Aingilie kwa aya.

Chukua Mwanzo 37:35, Yakobo akisema atamshukia mwanawe hata kuzimu. King James imeandika grave, yaani kaburi. Fungua neno hilo, shuka hadi aya yako, soma namba iliyo pembeni: 7585, yaani sheoli, neno la Kiebrania la makao ya wafu. Kaburi lenyewe, la kuzikia mtu, ni 6913. Angalia uzito wake: Yakobo aliamini Yusufu kaliwa na mnyama, kwa hiyo hapakuwa na kaburi la kushukia.

Hapo ndipo kitabu kinapolipa. Sheoli imo mara 65, na King James imeigawa grave 31, hell 31, pit 3. Bila namba huwezi kujua kwamba ni neno moja.

Wengi hukwama kwenye mwandiko wa namba: zilizosimama ni za Kiebrania, za mlazo ni za Kigiriki. Hadesi, neno la Kigiriki la kuzimu, ni 86 ya mlazo; ukifungua 86 iliyosimama umepotea.

Kamusi ya nyuma ndiyo dhaifu. Inasema sheoli imetoka 7592, kuuliza au kuomba, bila kusita, ilhali wataalamu hawajaafikiana juu ya asili yake. Orodha za aya nazo zinaipa hadesi aya 11, ikiwemo 1 Wakorintho 15:55. Union Version hapo ina "mauti", kwa kuwa hati za kale zaidi hazina hadesi katika aya hiyo.

Kwa jehanamu, 1067, imefanya vizuri: inakurudisha kwenye bonde la Hinomu, kusini mwa Yerusalemu. Yaliyotendeka huko kasome mwenyewe, 2 Wafalme 23:10. (Ile habari ya jaa la taka lililowaka moto daima, inayopendwa sana mimbarani, inategemea maandishi ya zama za kati.)

Haki za kunakili zimekwisha, kwa hiyo mtandaoni ni bure. Kwa kutafuta namba tu, hiyo yatosha. Cha karatasi kinafaa anayetaka kuona orodha nzima ya aya kwa mpigo. Ila ni kizito na herufi zake ni ndogo mno.