Darubini ya nyota za vuli: ipi ununue ukiwa Lamu au Malindi

Anga la vuli halina subira. Wingu hufunguka robo saa, kisha likafunga tena. Ndiyo maana swali letu la kwanza si nguvu ya kifaa, bali kama kitafika juu ya paa, kupitia ngazi nyembamba za nyumba ya mawe, kabla nyota hazijafichwa.

1. Darubini ya macho mawili, 10x50. Kumi ni ukuzaji, hamsini ni upana wa lenzi kwa milimita. Mikono ikitetemeka, chukua 7x50, ile ya mabaharia. Yenye ukuzaji wa kubadilika iache, na yenye lenzi nyekundu kama kioo pia. Dukani ishike mbali na uso, uielekeze kwenye ukuta mweupe: viduara viwili vya mwanga viwe mviringo kamili. Vikikatika pembeni, prizimu (vioo vya ndani vinavyopindisha mwanga) ni duni. Kisha tazama mnara wa msikiti wa mbali (si paa la jirani, utazua ugomvi). Ukiona minara miwili, rudisha. Lipia zaidi upate iliyozibwa na kujazwa nitrojeni, kwani unyevu wa pwani huotesha kuvu ndani ya lenzi, na mchanga wa Shela hukwaruza gurudumu la kulengea.

Mwanzoni mwa Novemba, saa tatu usiku, geukia kaskazini utafute mraba mkubwa wa nyota nne uitwao mraba wa Pegasus, juu kabisa. Kona yake ya chini kulia ni Alpheratz. Fuata nyota kuelekea kulia hadi Mirach, kisha shuka kushoto kupitia nyota mbili hafifu: ukungu mrefu utakaouona ni galaksi ya Andromeda. Vitabu vya Ulaya husema "panda". Huku kwetu unashuka. Kilimia wakati huo kimeshachomoza mashariki.

2. Duara la nyota la kuzungusha, yaani ramani ya anga ya mviringo. Nunua lililochapwa kwa ajili ya ikweta. Lililochapwa kwa ajili ya London halina Achernar, nyota angavu ya kusini, kabisa.

3. Teleskopu ya Dobson (bomba la kioo juu ya kitako rahisi cha kuzungusha), kioo cha milimita 150. Pete za Zohali utaziona vizuri, ila ina takriban kilo 15. Usibadilishe kwa ile yenye kitako cha ikweta, ambacho mhimili wake huinamishwa kulingana na latitudo ya mahali: Lamu iko nyuzi 2 tu kusini mwa ikweta, mhimili hulala karibu bapa na uzani wake wa kusawazisha hugonga miguu ya kitako.

Usinunue: teleskopu ya lenzi ya milimita 60 iliyoandikwa "mara 525". Kikomo chake ni kama mara 120. Zaidi ya hapo ni ukungu uliokuzwa.