Darasa la Mtazamo Chanya Mjini Malindi: Je, Lina Thamani ya Ada Yake?

Pasaka ikishapita, mahoteli mengi ya Malindi hufunga milango au hupunguza wafanyakazi, mvua za masika huanza, na pepo za kusi zinapochafua bahari, wavuvi wenye vyombo vidogo hushinda pwani wakitengeneza nyavu. Ni katika miezi hiyo ya ukata ndipo mshauri nasaha mmoja, mama mstaafu, hufundisha darasa lake la kujenga mtazamo chanya, katika chumba cha ghorofani kwenye mitaa ya mji wa kale, si mbali na Msikiti wa Juma na makaburi yake yenye nguzo. Nimelihudhuria hadi mwisho. Ada ya shilingi 300 kwa kikao naiona ni ya haki, ingawa kipo kikao kimoja ambacho ningependa kibadilishwe chote, na kipo kitu kimoja kinachouzwa pale ambacho hakuna haja ya kukinunua.

Jambo la kwanza linalostahili sifa ni wakati wenyewe uliochaguliwa. Kumhimiza mtu awe na moyo mkunjufu mwezi wa Desemba, wakati wageni wamejaa na bahashishi zinaingia, si kazi kubwa. Kazi ni kuzungumza naye mwezi wa Mei, wakati kodi ya nyumba haijalipwa na simu ya mwajiri hailii. Waliokaa kwenye vile viti vya plastiki walikuwa watandika vitanda, wapishi, madereva wa tuktuk na wafanyabiashara wadogo wa kanga na vitafunio, na hakuna hata mmoja aliyeambiwa atabasamu au ajifanye hana shida. Mwalimu alianza kwa kukiri kwamba ukata upo, kisha akauliza ni maelezo gani tunayojipa kuhusu ukata huo.

Kikao cha maelezo hayo ndicho kilichonifanya niandike tathmini hii. Dada mmoja mtandika vitanda alisema, "Mwalimu, mimi kila mwaka ndiye ninayerudishwa nyumbani. Sina bahati, hata nikifanyaje." Mwalimu akaandika sentensi hizo ubaoni kama zilivyo, akamgeukia.

"Haya, mwanangu. Mwaka huu mmerudishwa wangapi?"

"Idara nzima, wamebaki wasimamizi tu."

"Basi hiyo ni bahati yako, au hoteli haina wageni?"

"Hoteli haina wageni."

"Na msimu ukirudi, huitwa?"

"Huitwa, Mwalimu. Tena huwa miongoni mwa wa kwanza."

Chaki ikapita juu ya maneno "sina bahati", kisha juu ya "hata nikifanyaje", na kilichobaki ubaoni kilikuwa habari ya hoteli iliyokosa wageni kwa miezi michache. Hapo Mwalimu hakuhubiri. Aliuliza tu ni jambo gani linaweza kufanyika kabla ya Ijumaa, na yule dada akasema kwamba zipo nyumba za Wataliano ambazo wenyewe wameondoka, na walinzi wake anawafahamu, hivyo atapita kuuliza kama kuna zinazohitaji kufanyiwa usafi. Kikao kilichofuata alirudi na kazi ya siku mbili kwa wiki.

Njia hii ina asili yake katika utafiti. Mwaka 1967 Martin Seligman na Steven Maier, wakiwa Chuo Kikuu cha Pennsylvania nchini Marekani, walionyesha kwamba mbwa waliopigwa shoti za umeme wasizoweza kuzizuia waliishia kulala chini na kuvumilia, hata walipowekwa mahali ambapo wangeweza kuruka na kuziepuka. Baadaye Seligman na wenzake waligeukia wanadamu, wakachunguza jinsi mtu anavyojieleza mkosi: kama anauona ni wa kudumu, umeenea katika kila upande wa maisha yake, na asili yake ni yeye mwenyewe. Karatasi tulizogawiwa ziliishia hapo, na hilo ni pengo, kwa sababu mwaka 2016 watafiti hao hao wawili walirekebisha nadharia yao ya awali, kwamba kukata tamaa hufunzwa. Walieleza kwamba kukata tamaa hakufunzwi. Ndiyo hali ambayo kiumbe huangukia chenyewe mateso yanapozidi kuendelea, na kinachofunzwa ni kutambua kwamba tendo lako linaweza kubadilisha jambo. Kwa hiyo lile swali la "kabla ya Ijumaa" ndilo kiini cha darasa, na ningependa lipewe nafasi kubwa zaidi kuliko kusahihisha maneno ubaoni.

Zoezi la nyumbani ni kuandika kila usiku mambo matatu yaliyokwenda vizuri na sababu ya kila moja. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2005, Seligman na wenzake waliwapa watu zoezi hilo kupitia intaneti kwa wiki moja, na walioendelea nalo kwa hiari yao ndio walionufaika zaidi katika miezi iliyofuata. Sisi wa pwani tunasema alhamdulillahi mara nyingi kwa siku, na baadhi ya wanafunzi waliona kwamba wanafundishwa jambo wanalolijua. Lakini kuandika sababu ni kazi nyingine kabisa. Niliandika kwamba muuza samaki alinikopesha tafi wawili, na nilipotafuta sababu nikaona ni kwa kuwa deni la mwezi uliopita nililimaliza siku niliyoahidi. Sababu ya namna hiyo humkumbusha mtu kwamba ana mkono wake katika mema yanayomfikia. Daftari maalumu linalouzwa pale kwa shilingi 600 lina karatasi nzuri na jalada la kupendeza, lakini daftari la kawaida la shule linatosha kabisa.

Kikao ninachotaka kibadilishwe ni kile cha kufumba macho na kujiona tayari umefaulu: umeajiriwa, umejenga, umenunua gari. Chumba kizima kilifurahi, na naelewa kwa nini, lakini Gabriele Oettingen na Doris Mayer, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2002, waliwafuatilia wahitimu wa chuo kikuu nchini Ujerumani na kukuta kwamba waliozama zaidi katika ndoto tamu za kupata kazi walikuja kupata nafasi chache za kazi na mshahara mdogo. Waliotarajia kufaulu kwa kuangalia uwezo wao halisi walifanya vizuri zaidi. Oettingen anapendekeza kwamba baada ya kuwaza unachokitaka, utazame kizuizi kilichomo ndani yako, kisha upange mapema utakachofanya kizuizi hicho kitakapojitokeza. Kila aliyepita madrasa anajua kwamba ngamia hufungwa kwanza ndipo mtu atawakali, yaani amtegemee Mungu, na somo hilo lingekaa vizuri mahali pa kufumba macho.

Upo upungufu mwingine wa kurekebishwa. Karatasi zote ziko kwa Kiingereza ilhali mazungumzo ni ya Kiswahili. Kikao huanza baada ya sala ya Alasiri na kuendelea hadi karibu na Magharibi, na akina mama kadhaa waliondoka kabla hakijaisha ili wakapike. La uzito zaidi, siku ya kwanza haikutajwa kwamba mtu asiyepata usingizi wiki nyingi, asiyekula, au anayefikiria kujidhuru anahitaji daktari haraka na si darasa. Nilipomweleza Mwalimu jambo hilo alilipokea kwa heshima, na kikao kilichofuata alilisema wazi mbele ya wote.

Anayetaka kujiunga alipie kikao kimoja kimoja, kwa sababu hilo linaruhusiwa, aende na daftari lake, na asikose vikao viwili vya mwanzo, kwa kuwa humo ndimo mlimo kazi ya ubaoni niliyoieleza.