Wiki mbili India, na mchana mmoja wa Kanuni ya 20

Kozi hii ya watumishi wa umma naipa nyota nne. Ya tano imebaki bafuni: siku tatu za mwanzo maji yalikuwa ya baridi tu, na Delhi ya Januari si mchezo. Mimi mtu wa Tanga nililala na koti. Kwa sababu ya hayo maji, jina la chuo naliacha.

Ni kozi fupi ya mpango wa ITEC, yaani ushirikiano wa kiufundi na kiuchumi, ambao Serikali ya India imeuendesha tangu 1964. Tiketi, malazi, ada na posho ya kujikimu vyote juu yao. Unaomba kwa mtandao, mwajiri anaridhia, ubalozi wao unapitisha. Chakula ni dengu asubuhi, dengu mchana, dengu usiku, lakini chai yao ya maziwa na tangawizi haina tofauti na ya mama yangu. Vipindi vya wiki ya kwanza ni slaidi zile zile za uongozi tulizozizoea kwenye semina za Morogoro. Ukisinzia hujapoteza kitu.

Jumatano ya wiki ya pili, baada ya chakula, akaingia mzee mmoja mstaafu. Hana slaidi wala kompyuta, ana kijitabu kilichokwisha jalada. Akaniomba kalamu, akainyanyua darasa zima liione. "Hii nimeiazima. Ikinichafulia shati, nina haki gani juu yake?"

Dada wa Malawi akasema irudishwe kwa mwenyewe. Kaka wa Nepal akasema hapana, aliyechafuliwa ndiye mwenye hasira, aachiwe. Mimi nilikaa kimya, maana swali hilo lilishanitoa jasho nyumbani.

Miaka kadhaa nyuma, kwenye ofisi niliyokuwa afisa utumishi, tulimwazimisha mtunza stoo kwa taasisi nyingine ya umma. Ikatokea hasara ya vifaa. Wale waliomwazima wakamwandikia barua ya kumfukuza kazi, ukurasa mmoja na muhuri wa zambarau. Sisi tulijua baada ya miezi minne, yeye mwenyewe alipokuja na mfuko wa plastiki uliojaa makaratasi. Mshahara wake ulikuwa bado unatoka kwetu! Tulipoomba jalada, hamna notisi, hamna hati ya mashtaka, hamna hata karatasi ya uchunguzi. Wamemfukuza mtu ambaye hawakumwajiri. Ikabidi tuanze upya, na wakati huo shahidi mkuu alishastaafu, amerudi kwao Kigoma. Kama aliiba au hakuiba, mpaka leo sijui. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako. Sisi hatukujua hata nani aishone ikichanika.

Mzee akafungua kijitabu: kanuni za India za nidhamu kwa watumishi wa serikali kuu, za 1965, Kanuni ya 20. Akaieleza kwa kalamu yangu. Kalamu ikiwa mkononi mwake, anaweza kuiweka kando. Yaani taasisi iliyoazima ina uwezo wa kumsimamisha mtumishi, na pia kumfungulia mashtaka na kuyachunguza. Sharti ni kwamba papo hapo imwarifu aliyemwazimisha. Si baada ya miezi minne.

Uchunguzi ukiisha, njia zinagawanyika. Ikionekana kosa linastahili adhabu ndogo, kama karipio au kuzuiwa nyongeza ya mshahara, aliyeazima anaitoa mwenyewe baada ya kushauriana na mwenye mtumishi. Wasipokubaliana, mtumishi anarudishwa kwao. Ikiwa ni adhabu kubwa, ya kushushwa cheo, kustaafishwa kwa lazima au kufukuzwa, aliyeazima haruhusiwi kuigusa. Anamrudisha mtu pamoja na jalada lote la mashtaka, na kwao ndiko kunakoamuliwa. Huko wanaweza kuamua kwa jalada lile lile au wakaongeza uchunguzi wakiona haja.

Kaka wa Nepal hakuridhika, akauliza kwa nini mzunguko wote huo. Mzee akamjibu kwa Ibara ya 311 ya Katiba yao: mtumishi wa serikali hafukuzwi na mamlaka iliyo chini ya ile iliyomteua. Kalamu inavunjwa na mwenyewe, au aliye juu yake. Hapo nikaandika mpaka mkono ukauma (kwa penseli, kalamu bado anayo yeye).

Kasoro moja nimeiona na nilimwambia. Hilo neno "kushauriana" linaweza kulaza barua mezani mwaka mzima, na mtu amesimamishwa. Akacheka, akasema nimefanya kazi serikalini kweli.

Kasoro ya pili ni ya chuo: hakukuwa na nakala hata moja ya kugawa. Nilitoa kopi dukani nje ya geti kwa rupia zangu.

Kanuni zao si zetu, na sisi tuna Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, na Tume ya Utumishi wa Umma ya kukatia rufaa. Sikuja kuwafundisha watu sheria ya India. Nilichofanya niliporudi ni kuongeza aya mbili kwenye barua yetu ya kuazimisha: mwenzetu akiona kosa atuarifu kwa maandishi lini, na jalada litasafiri vipi. Mkuu wangu aliisoma mara mbili, akauliza na tathmini kwenye PEPMIS, mfumo wetu wa kompyuta wa kupima utendaji wa watumishi, itajazwa na nani. Hilo bado tunabishana.

Mkipata nafasi, ombeni. Chukueni sweta, na mwambieni mratibu kipindi cha yule mzee akiweke asubuhi, kwa sababu mchana ule nusu ya darasa ilikuwa imelala.