Miji ya kale kwa treni kutoka Moshi: uzoefu wangu wa Tongoni na Pangani

Niseme mapema, asije mtu akalipia kitu alichojiwazia mwenyewe: treni haifiki Tongoni, wala Pangani haifiki, hiyo miji ya kale ya pwani ya Tanga. Kipeperushi nilichopewa Moshi mjini kiliandikwa "Miji ya Kale kwa Treni, Ziara Binafsi", na picha yake ilikuwa behewa lenye dirisha kubwa, bahari ikionekana kwa mbali. Bahari hiyo huioni ukiwa ndani ya treni. Unapanda Moshi jioni, unashuka Korogwe usiku mkubwa, na kuanzia hapo ni gari mpaka mwisho. Pamoja na hayo ningeenda tena, ila nisingelipa vile nilivyolipa.

Tulikuwa watatu: mimi, mdogo wangu, na binti yangu wa kidato cha pili ambaye alishachoka kukariri Kilwa, Sofala na Malindi bila kuona hata jiwe moja. Nauli ya ndege kwenda Kilwa sina, na basi mpaka kule ni adhabu. Tanga iko jirani zaidi. Ndiyo maana kipeperushi kile kilinishika.

Hilo neno "binafsi" ndilo lililopandisha bei, kwa hiyo tuanze nalo. Kwenye gari na kwa mwongozaji, ahadi ilitimia: hatukuchanganywa na kundi lolote, tulisimama tulipotaka, na mtoto aliuliza maswali yake yote bila mtu kutazama saa. Kwenye treni hakuna ubinafsi wowote. Tuliwekewa daraja la pili kulala, chumba ambacho wanawake wanakaa na wanawake, na wenzetu walikuwa abiria kama sisi. Mmoja alikuwa mama wa Kibosho anayempelekea mwanawe parachichi Dar, ndoo mbili zimefungwa kwa khanga, na kabla hatujafika Same tulikuwa tumeshakula tatu. Sikulalamika, alikuwa mchangamfu kuliko kampuni yenyewe. Ninachosema ni kwamba tiketi ile ile inauzwa dirishani stesheni, na ukiinunua mwenyewe hutalipa hata nusu ya kile kampuni ilichoandika kwenye mstari wa "usafiri wa treni".

Jambo la pili lililoniudhi: mwongozaji hayumo kwenye treni. Anakupokea Korogwe. Maana yake ni kwamba kipande chote cha kutoka Moshi, ambacho ndicho kimebeba jina la ziara, unakipita bila mtu wa kukuelezea. Mengi ninayoyaandika hapa kuhusu reli yenyewe nilikuja kuyasikia kesho yake tukiwa garini, wakati reli iko nyuma yetu.

Na yanafaa kusikika ukiwa juu ya reli. Wajerumani walianza kuijenga Tanga mwaka 1893, wakaifikisha Moshi 1911. Kipande cha kuja Arusha kilikamilika baadaye sana, 1929, chini ya Waingereza. Kutoka Tanga hadi Moshi ni kilomita 352. Novemba 1914, Waingereza walipoleta jeshi kwa meli kuiteka Tanga, Wajerumani walisomba askari kutoka huku kwetu Moshi kwa reli hii hii, wakawahi, na vita vikaisha kwa Waingereza kurudi melini. Mimi nimekulia Moshi, nimepita stesheni ile maisha yangu yote, na hakuna aliyewahi kunitajia. Wenzangu wa umri wangu tunaikumbuka zaidi kama jengo lililonyamaza, kwa sababu abiria walikosa treni kwa zaidi ya miaka 20 mpaka iliporudi Desemba 2019, na Arusha mwaka uliofuata.

Safari yenyewe sasa. Reli hii ni ile ya zamani, usiifananishe na SGR, ile reli mpya ya kisasa. Inatikisika, inapiga kelele, na mwendo wake unamruhusu mtu kuhesabu mikorosho kama ingekuwepo. Ukitoka Moshi jioni, kaa upande wa kushoto. Kilimanjaro unaiacha nyuma, na kama mawingu yamefunguka unaiona ikigeuka rangi taratibu wakati treni inakata kuelekea Kahe, pale reli ya kwenda Taveta na Voi inapochepuka. Kisha inaingia milima ya Upare, hiyo hiyo kushoto, na kulia ni bonde la mto. Baadaye giza. Usambara yote, ambayo watu huisifia, tuliipita usingizini. Bebeni shuka na koti, usiku dirisha linavujisha baridi. Chakula kipo kwenye behewa la mgahawa, lakini sisi wa Moshi tunajua kubeba ndizi nyama kwenye hotipoti.

Korogwe tulishushwa watu wanakoroma. Hapo naipa kampuni alama zake: gari lilikuwa limesimama mlangoni mwa stesheni, dereva ameshika karatasi yenye jina langu, na gesti ilikuwa safi, maji ya moto yapo. Kwa wanawake watatu wenye mizigo usiku ule, hicho si kitu kidogo.

Asubuhi ndipo ziara ilipoanza kweli. Mwongozaji wetu alikuwa kijana wa Tanga, mpole, Kiswahili chake kimenyooka hadi mdogo wangu akaanza kurekebisha cha kwake. Mimi alinipa shikamoo na kuniita mama, binti akamwita "mdogo wangu", na hakutupa hotuba. Alikuwa na tabia ya kuuliza kwanza. Tulipopita mashamba ya mkonge baada ya Segera akamuuliza binti, unadhani huu mmea ni wa kwetu? Kumbe uliletwa 1893, mwaka uleule reli ilipoanza, na Mjerumani Richard Hindorf. Aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, ikafika hai 62 tu, ikapandwa Kikogwe karibu na Pangani. Mashamba yote yale ya kutoka Korogwe kwenda Tanga ni wajukuu wa miche 62.

Tanga mjini tulipita kwa kifupi, chai na mkate wa mayai, na kutazama bandari. Wenyewe husema waja leo waondoka leo, na ratiba yetu ilikuwa imewasikiliza.

Tongoni iko kusini mwa mji, kwenye njia ya Pangani, ukikunja kuelekea baharini. Kabla ya kuingia tuliamkia mzee anayesimamia eneo, tukavaa mitandio, ndipo tukaenda kwenye magofu. Msitegemee kitu kirefu. Ni msikiti wa karne ya 15 uliobaki kuta, na kuuzunguka ni makaburi, mengi ya nguzo. Nguzo nyingi zimeanguka na kulala chini vipande vipande, lakini hakuna sehemu nyingine ya pwani yetu ya Afrika Mashariki yenye makaburi ya nguzo mengi mahali pamoja kama hapa. Ukienda peke yako utapiga picha tano na kuondoka. Nimeona watu wawili wakifanya hivyo tukiwa pale.

Sisi tulikaa. Kijana alimsimamisha binti katikati ya msikiti akamwambia, nionyeshe Makka iko wapi. Akaonyesha baharini, mashariki, kama ambavyo na mimi ningeonyesha. Akampeleka mpaka kwenye mihrabu na kumwambia asimame kama imamu: akajikuta anatazama kaskazini. Halafu akamshikisha ukuta. Ni mawe ya matumbawe, na chokaa iliyoyashikanisha ilitokana na matumbawe hayo hayo yaliyochomwa. Kwenye nguzo akatuonyesha vishimo vya duara ambamo zamani yalipachikwa mabakuli ya kauri yaliyokuja na biashara ya Bahari ya Hindi. Mabakuli hayapo, vishimo vipo. Binti akaingiza ngumi kwenye kimoja (kijana akamkataza upesi, na alifanya vizuri) halafu akauliza swali ambalo sikulitegemea: mtu wa hapa alikuwa anauza nini mpaka aweze kununua bakuli la Uchina na kulipamba kaburini? Jibu lilianzia kwenye pembe za ndovu, na pembe zilitoka bara, na bara yenyewe ni njia tuliyokuja nayo. Hapo nikaanza kuona kwa nini treni imo kwenye ziara hii, ingawa kampuni haikutuambia.

Maji yalikuwa yamekupwa, mikoko imesimama kwenye tope. Kwenye miamba ya eneo hili ndipo São Rafael, moja ya meli za Vasco da Gama, ilikwama Aprili 1498, ikanasuka maji yalipojaa. Mwaka uliofuata, Januari 1499, wakirejea kutoka India, wenyewe waliichoma moto huku huku, kwa kuwa mabaharia walikuwa wamekufa kwa kiseyeye kiasi kwamba waliobaki hawakutosha kuendesha meli zote. Kwenye daftari la binti, da Gama ni mstari mmoja: alipita pwani 1498. Hapo mwongozaji alistahili mshahara wake wote.

Lawama yangu ya tatu iko hapa. Dereva alianza kuwasha gari na kuzima, kuwasha na kuzima, kwa sababu chakula cha mchana kilikuwa kimeagizwa Pangani. Ukilipia ziara binafsi, samaki ndiye anayesubiri, si wewe. Mkienda, ombeni chakula kihamishiwe jioni, Tongoni ipewe nafasi yake.

Pangani nitaikimbiza kidogo, maana mji wenyewe unajieleza: nyumba za ghorofa za zamani zenye milango ya kuchongwa, nyingine zimechoka mpaka mti umeota ukutani, boma, na mto mpana ukiingia baharini. Samaki na wali wa nazi sina la kusema, nililamba vidole. Hapa ndipo Agosti 1888 Emil von Zelewski wa kampuni ya Kijerumani alipojifanya mwenye mji na watu wakainuka na Abushiri bin Salim kumpinga, na hapa ndipo Abushiri aliponyongwa tarehe 15 Desemba 1889. Binti alihesabu kimya kimya halafu akasema: mama, Mangi Meli, chifu wa Wachagga wa Moshi, alinyongwa Old Moshi mwaka 1900. Miaka kumi na kidogo imepita katikati, kamba ni ya utawala uleule, na ulikuwa unapanda kutoka pwani kuja kwetu. Mwongozaji alinyamaza akampa mkono.

Tulivuka kwa kivuko kwenda Bweni na kurudi, abiria, baiskeli na mbuzi wawili. Katikati ya mto kijana akatuambia maji haya ni ya kwenu. Kikuletwa inakusanya ya Meru na ya Kilimanjaro, Ruvu inaleta mengine, yanakutana Nyumba ya Mungu, kisha yanateremka lile bonde tulilolipita gizani upande wa kulia, yanazungusha mitambo ya umeme Hale, na kumalizikia hapa. Misafara ya pembe ilipanda kwa bonde hilo hilo kutoka Pangani kuja Kilimanjaro, na Wajerumani walipotaka reli nao wakafuata njia hiyo. Sasa fikiria maelezo hayo ungepewa saa kumi na mbili jioni dirishani, Kahe, mto uko kulia na mlima uko nyuma! Nimewaambia kampuni: mpandisheni huyu kijana Moshi.

Kwa atakayeuliza, ningefanya hivi. Tiketi ya treni nunua mwenyewe stesheni. Lipia kampuni mwongozaji, gari na gesti tu, na ukatae mstari wa treni hata wakinuna. Nenda kwa treni, rudi kwa basi la mchana kutoka Tanga, ili Mombo na Usambara uzione kwa macho. Watu wa Arusha mna faida ya kuanza mapema, mchana bado mkali, ila mnaongeza saa kwenye viti. Kama shida yako ni magofu na hutaki reli, Engaruka iko upande wenu huko chini ya ukingo wa bonde la ufa. Mtu mzima mwenye magoti mabovu asidanganywe na neno "binafsi": ngazi za behewa ni ndefu, Korogwe unashuka gizani, na Tongoni ni kutembea juu ya mawe.

Kampuni nimewaandikia yote haya. Walijibu siku hiyo hiyo, kwa adabu, kwamba kipeperushi kitarekebishwa, na wakanipa punguzo kwenye ziara yao mpya ya Kilwa. Nimewauliza kama nayo ni ya treni. Nasubiri jibu.