Wodi ya watoto njiti hapa Tanga mjini: nyota nne, na ya tano kwa nini nimewanyima

Naandika kuhusu wodi ya watoto wachanga pamoja na chumba cha kangaruu (kile cha kubeba mtoto kifuani ngozi kwa ngozi) kwenye hospitali moja hapa Tanga mjini, jina silitaji maana nina ya kusifia na nina ya kulalamikia na sitaki mtu wa zamu ile asumbuliwe. Mdogo wangu alijifungulia pale, chupa ilipasuka mapema mimba ikiwa na wiki 33, tukamkimbiza kwa bajaji kutoka Makorora usiku, na mimi dada mtu ndo nilikuwa wa kukaa naye. Kwa hiyo ninayoyasema nimeyaona.

Kilichonifanya niandike ni kwamba wale watu hawaangalii kilo peke yake. Sisi mtaani mtoto akizaliwa swali la kwanza ana kilo ngapi, ukisema tatu na nusu vigelegele, ukisema moja na tisa watu wanatazamana. Pale kila mtoto akiingia wanauliza mawili, ana wiki ngapi na ana kilo ngapi, alafu wanachukua chati wanaangalia wiki zake na uzito wake vinakutana wapi. Ukipanga watoto mia wa wiki zilezile kwa uzito, yule anayeangukia kwenye kumi wa chini kabisa wanamhesabu mdogo kwa umri wake, na anayeangukia kumi wa juu kabisa ni mkubwa kwa umri wake, na huyo naye anafuatiliwa, usidhani mkubwa ndo kasalimika. Na hizi chati msione ni mambo ya Ulaya tu, hapo Korogwe watafiti walifuatilia wajawazito kwa ultrasound wakatengeneza chati ya uzito wa mtoto tumboni kwa watu wa huku kwetu, ilitoka 2012.

Sasa nieleze nilivyoelewa mimi, maana nilielewa kwa kuona vitanda viwili vilivyopakana. Wetu alikuwa na kilo 1.9. Wa jirani yetu, mama mmoja wa Pongwe, naye kilo 1.9 hivyohivyo. Ukiwaweka kwenye mizani huoni tofauti ila huduma waliyopata haikufanana hata kidogo. Wetu ni wa wiki 33, uzito wake kwa wiki hizo ni sawa kabisa, tatizo lake ni kwamba hajakomaa. Alikuwa anapumua kwa shida, mbavu zinaingia ndani, akawekewa ile mashine ya kusukuma hewa puani (wenyewe wanaiita sipapu), kwa sababu mapafu ya mtoto wa umri ule yanakuwa bado hayana ya kutosha ule utelezi unaozuia vifuko vya hewa visigandamane. Kunyonya bado, maana kunyonya na kumeza na kupumua kwa mpangilio mtoto anaanza kuviweza karibu na wiki ya 34, kwa hiyo maziwa ya mama yake yakawa yanakamuliwa yanapita kwenye mpira, baadae kikombe. Alafu akageuka njano akalazwa chini ya mwanga wa bluu wa kupunguza hiyo njano.

Wa jirani alikuwa na wiki 39. Huyo analia sauti imejaa, ananyonya, macho makavu yanakutazama, mapafu hana shida nayo. Ila alikuwa ngozi na mifupa, mama yake alikuwa na presha ya mimba na kondo la nyuma halikuwa linapitisha chakula vizuri. Huyo walimganda kwenye sukari, kila baada ya muda wanachoma kisigino wanapima, kwa sababu mtoto wa hivyo hana akiba, sukari ikishuka anaweza kupata degedege na ubongo ukaumia. Na damu yake ilikuwa nzito, wakasema inawapata sana waliokosa chakula cha kutosha tumboni. Kilo ni zilezile jamani, na kama wangempa huyu huduma ya yule ingekuwa balaa. Nesi mmoja mtu mzima alituambia wanaowapa homa zaidi ni wale wenye yote mawili, kazaliwa mapema na kwa wiki zake bado ni mdogo, hao ndo hatari yao ya kufa au kuugua inakuwa kubwa kuliko wenye moja tu.

Na kulikuwa na jibaba la kilo 4.3, mama ana kisukari. Ndugu zake wanafurahi wanapiga picha, wanashangaa kwa nini kaletwa wodi ya njiti. Kaletwa kwa sababu tumboni alizoea sukari nyingi ya mama, mwili wake unatoa insulini nyingi (ile inayoshusha sukari), kitovu kikikatwa sukari inaporomoka. Na bega lilikwama wakati wa kutoka, mkono mmoja ulikuwa hauinuki vizuri. Yule daktari wa zamu alikaa na bibi wa mtoto akamweleza taratibu mpaka bibi akaelewa, hakumjibu kwa haraka, hiyo nimeipenda sana.

Kitu kingine cha kusifia ni walivyohangaika na tarehe. Mdogo wangu alishapiga ultrasound mimba changa, imeandikwa kwenye kadi ya kliniki, kwa hiyo hapakuwa na ubishi na aliwahi kuchomwa sindano za kukomaza mapafu kabla hajajifungua. Zile sindano hazichomwi ovyo, lazima wajue wiki, ni kwa anayekaribia kujifungua kati ya wiki 24 na 34. Mama mwingine alikuja hana ultrasound, anachokumbuka hedhi ya mwisho ilikuwa kabla ya mfungo, nesi akakaa naye wakahesabu kuanzia mwezi ulivyoandama, na mtoto alipotoka wakamkagua nyayo zina mikunjo kiasi gani, sikio likikunjwa linarudi au linabaki, chuchu, vile vinyweleo laini vya mgongoni, wakapata wiki za kukadiria. Wajawazito mnaosoma hapa, ultrasound ya mapema, kabla ya wiki 24, ndo inayotoa umri wa karibu na ukweli, ile ya mwishoni inakosea sana maana watoto wanakuwa wameshaachana kwa ukubwa.

Chumba cha kangaruu sasa. Mtoto anafungwa kifuani ngozi kwa ngozi, kofia, soksi, nepi, khanga juu. Huu utaratibu ulianzia Bogotá, Colombia, 1978, inkyubeta zilikuwa hazitoshi, na ule utafiti mkubwa uliotoka 2021 ambao Tanzania ilikuwemo ulionyesha watoto wa kati ya kilo moja na 1.8 wakianza kangaruu mara tu baada ya kuzaliwa, bila kusubiri watulie kwanza, vifo vinapungua kwa robo. Pale wanataka masaa yasipungue nane kwa siku na yakiwa mengi zaidi ndo vizuri. Na hawang'ang'anii mama tu, mimi nilibeba, shemeji alibeba kila jioni akitoka kazini, mwanzoni aliona aibu ila sista alimfunga mwenyewe khanga akamwambia baba kaa hapa usiondoke. Mtoto alikuwa anapata joto, akisahau kupumua ukimgusa kidogo anarudi. Uzito ulianza kwa kushuka tukaogopa, wakatuambia siku za mwanzo wote wanashuka, cha kuangalia ni kama baadae anapanda kila siku, na akapanda.

Mabaya. Chumba ni kidogo, kitanda kimoja wamama wawili, feni moja na hili joto letu la pwani mtu kafungwa mtoto kifuani, jasho linatiririka. Kiti cha kuegemea hakuna, mgongo unauma. Mizani ni moja, asubuhi foleni. Chakula cha mama unaletewa na ndugu, asiye na ndugu mjini ni huruma ya jirani, na huyo ndo anatakiwa akamue maziwa. Hapa uongozi ungetafuta namna.

Ila nyota ya tano nimewanyima kwa sababu ya wodi ya wazazi, siyo ya watoto. Kule utaratibu wa kuuliza wiki haupo, ni kilo tu. Kuna mtoto alizaliwa wiki 35, kilo 2.6, wakamwona mnene wakampa ruhusa kesho yake asubuhi. Karudishwa baada ya siku chache wa njano mpaka nyayo, kalegea, kumbe alikuwa analala tu hanyonyi, na mama mzazi wa kwanza akadhani ana mtoto mpole. Wiki 35 bado ni njiti, njiti ni chini ya wiki 37 hata awe na kilo tatu, na wa hivyo anachoka kunyonya haraka na ini lake bado halijakomaa kuondoa ile njano. Mungu alisaidia alipona, ila niliumia sana, chati ipo jengo hilohilo!

Anayeenda pale: beba kadi ya kliniki na karatasi zote za ultrasound, khanga nyingi, kofia mbili tatu, kikombe kidogo chenye mfuniko. Mwambie baba aje na shati la vifungo. Siku ya ruhusa uliza tarehe za kliniki ya marudio na uliza umri wa kurekebisha, maana kwetu hawakutuambia mpaka tulipouliza: aliyezaliwa wiki 33 unatoa wiki saba ukitaka kujua kama anachelewa kukaa au kushika shingo, isipokuwa chanjo, hizo zinafuata tarehe ya kuzaliwa. Waliozaliwa wadogo sana waulizieni na kipimo cha macho. Na waajiriwa, sheria ya kazi imerekebishwa 2025, aliyejifungua njiti anaongezewa likizo, ombeni barua ya hospitali yenye wiki za mimba kabla hamjatoka getini.