Ziara ya siku moja Xi'an: kabla hujalipa, uliza nani anaingia nawe getini

Malalamiko ya wasomaji kuhusu ziara binafsi za Xi'an yanafanana kama mapacha. Mtu amemaliza shughuli zake Guangzhou au Yiwu, ana siku mbili tatu kabla ya ndege, anapanda treni ya mwendokasi kwenda kuona askari wa udongo waliozikwa kulinda kaburi la Qin Shi Huang, mfalme wa kwanza wa China iliyoungana. Amelipia gari lake na mtu wake kwa siku nzima. Asubuhi gari linafika hotelini kwa wakati, dereva anaongea Kiingereza kizuri na njia nzima anasimulia. Wakifika makumbusho, dereva anamwambia: ingia tu, mimi nakusubiri hapa maegesho, tukutane saa tano na nusu. Mteja anaingia peke yake kwenye banda la meta 230, anasukumwa na umati hadi kwenye uzio, anaona vichwa vya udongo, anapiga picha, anatoka. Kalipia mwongozaji, kapata teksi.

Kasoro hii haionekani kwenye nyota wala kwenye picha za tangazo, kwa sababu wengi hawajui walichokosa na dereva alikuwa mchangamfu, basi wanatoa nyota tano. Ndiyo maana mwongozo huu unazipanga njia za kununua kwa kigezo kimoja kikubwa: nani anavuka geti pamoja nawe, na ana kadi gani mfukoni. Gari kubwa au dogo, maji ya bure, hayo utayaona mwenyewe kwenye tangazo.

Dereva na mwongozaji ni kazi mbili

China si mahali ambapo yeyote anayejua lugha anaweza kujiita mwongoza watalii. Sheria ya Utalii, iliyoanza kutumika tarehe 1 Oktoba 2013, inataka mwongozaji awe na kadi, inayoitwa daoyou zheng, na awe ametumwa na wakala wa utalii mwenye leseni. Haruhusiwi kujitafutia wateja binafsi. Anayefanya kazi hiyo bila kadi hutozwa faini ya yuan 1,000 hadi 10,000 na kunyang'anywa alichopata. Siku hizi kadi ni ya kielektroniki: anaifungua kwenye simu, na inaonyesha lugha aliyofanyia mtihani. Mwenye kadi ya Kichina tu hajafanyia mtihani Kiingereza, hata kama anakiongea.

Sasa unaelewa kwa nini dereva anabaki maegesho. Si uvivu. Akikutwa ndani anaeleza bila kadi, yeye ndiye anayeumia. Anayekosea ni muuzaji aliyeandika "ziara binafsi na mwongozaji anayeongea Kiingereza" huku akijua ametuma dereva. Tangazo likisema "dereva anayeongea Kiingereza", hilo ni tangazo la usafiri, hata picha iwe na askari wa udongo mia. Likitaja dereva na mwongozaji kama watu wawili, hapo kuna cha kuzungumza. Likisema mtu mmoja anafanya kazi zote mbili, omba uone kadi kabla ya kulipa, na uliza gari litabaki na nani mkiwa ndani.

Kwa nini uhangaike na hili wakati kuna vibao? Kwa sababu vibao vya makumbusho haya havitoshi. Wakulima waliokuwa wanachimba kisima mwezi Machi 1974 waligonga vipande vya kwanza pembezoni mwa lile linaloitwa leo shimo namba 1, na mahali pa kisima pamewekewa alama. Bila mtu wa kukuelekeza utapapita. Mashimo namba 2 na 3 yaligunduliwa mwaka 1976. Namba 3 ni dogo na wengi hulipuuza, ilhali ndilo linalodhaniwa kuwa makao ya makamanda, na ndilo linalofanya mpangilio wa shimo la kwanza ueleweke. Askari wanaokadiriwa kufika 8,000 walikuwa na rangi: nyekundu, kijani, zambarau. Tabaka la laka chini ya rangi hizo hujikunja ndani ya dakika chache likipigwa na hewa kavu, na hiyo ni sababu mojawapo kubwa ya sehemu nyingi kuachwa bila kufukuliwa hadi leo. Mpiga upinde aliyepiga goti, wa kutoka shimo namba 2, ana mishono kwenye soli ya kiatu. Nani atakuambia uzunguke nyuma yake uitazame?

Kuna na kipimo rahisi cha kumjua muuzaji asiyejua kazi yake. Muulize magari mawili ya farasi ya shaba nyeusi, yaliyopatikana mwaka 1980, yako wapi. Tangu mwaka 2021 yana jumba lake ndani ya bustani ya Lishan, penye kilima cha kaburi lenyewe. Hayako tena kando ya mashimo. Tiketi ni ileile moja, na kuna basi la bure kati ya sehemu hizo mbili. Ratiba inayosema utayaona magari hayo ukitoka shimo namba 1 imenakiliwa kutoka zamani, na aliyeinakili hajafika huko karibuni. Ratiba isiyotenga angalau saa moja kwa Lishan itakurudisha mjini bila kuyaona kabisa.

Mpangilio wangu

Nafasi ya kwanza naipa China Highlights, kampuni yenye makao Guilin, na sifichi kwamba naipendelea. Hawa huuza ziara binafsi zenye mwongozaji na dereva tofauti, na unaandikiana na mtu mmoja anayekupangia safari, kwa hiyo swali la getini linajibiwa kwa maandishi kabla hujatoa pesa. Bei yao iko juu. Unacholipia ni watu wawili kwa siku nzima, na ukikokotoa gharama kama nitakavyoonyesha hapa chini, bei hiyo ina mantiki. Hata hivyo waulize maswali yaleyale. Kupendelea si kufumba macho.

Ya pili ni Trip.com. Hapa unanunua kwa mawakala wengi walio chini ya paa moja, hivyo ubora unabadilika kutoka tangazo hadi tangazo. Faida yake kwa sisi tunaotoka nje ni kwamba treni, hoteli na ziara vinakaa kwenye programu moja, na unaweza kumwandikia muuzaji kabla ya kuagiza. Soma sehemu ya kilichojumuishwa mstari kwa mstari, halafu uliza. Akijibu swali la kadi kwa kuzungukazunguka, hama.

Ya tatu ni masoko ya kimataifa kama Viator, GetYourGuide na Klook. Kwa wengi wetu haya ndiyo rahisi kulipia kwa kadi, na masharti ya kughairi huwa yameandikwa wazi kwenye kila tangazo. Lakini kumbuka soko si mwendeshaji. Tafuta jina la kampuni ya Xi'an itakayokuja kukuchukua, kisha soma maoni ya kampuni hiyo, hasa ya nyota tatu. Mtu wa nyota tatu ndiye anayeandika "mwongozaji hakuingia nasi".

Dawati la hoteli naliweka nafasi ya nne. Ni haraka, lakini mara nyingi pana cha juu cha hoteli ndani ya bei, na risiti utakayopewa inaweza isitaje wakala yeyote. Bila jina la wakala huna wa kumdai.

Mwongozaji wa kuokotwa nje ya geti ni wa mwisho. Eneo la kati ya maegesho na geti lina wapiga debe, na huko ndiko watu wanakopelekwa kwenye maonyesho ya bandia. Si uvumi: mwaka 2016 mamlaka za Lintong, wilaya yenye makumbusho haya, zilivunja sanamu zipatazo 40 kwenye eneo lililokuwa likiwadanganya wageni kwamba ndipo penye jeshi lenyewe.

Hesabu ya bei

Hapa ndipo ninapokasirika. Bei inayoandikwa kwa herufi kubwa, yenye neno "kuanzia", kwa kawaida imepigwa kwa kundi kubwa kuliko lako. Ukiweka idadi ya watu wawili, au mmoja, kila kichwa kinapanda sana, kwa sababu gari na mwongozaji ni gharama ileile hata mkiwa sita. Usilinganishe matangazo mawili kabla ya kuweka idadi yenu halisi kwenye yote mawili.

Kisha piga hesabu ya viingilio. Makumbusho ya askari ni yuan 120. Ukuta wa mji ni 54. Msikiti Mkuu ni 25. Jumla ni yuan 199 kwa mtu, yaani 398 kwa wawili. Muuzaji akikuuzia siku nzima, watu wawili, viingilio ndani, kwa yuan 600, amebakiwa na 202. Humo atoe mwongozaji, dereva, mafuta, ushuru wa barabara na kamisheni ya soko. Haiwezekani. Pengo lazima lizibwe mahali, na linazibwa dukani.

Duka halitaitwa duka. Litaitwa karakana ya udongo, kituo cha utamaduni wa jiwe la thamani la jedi, maonyesho ya hariri. Utaonyeshwa fundi anayefinyanga kwa dakika kumi, halafu mlango wa kutokea unapita katikati ya bidhaa. Kinachouma zaidi ya pesa ni muda. Saa moja na nusu iliyokwenda karakanani ndiyo ingekuwa ya Lishan. Sheria niliyoitaja inakataza wakala kuvuta wateja kwa bei isiyo ya kawaida kisha kujilipa kwa cha juu cha madukani, na inampa mteja siku 30 baada ya safari kumtaka wakala ashughulikie kurudisha bidhaa na amtangulizie mteja pesa alizozinunulia. Lakini unahitaji jina la wakala na risiti, kwa hiyo vitunze vyote viwili.

"Chakula cha mchana kimejumuishwa" ni mlango mwingine wa hilohilo. Ningekikata. Mkahawa utakaopelekwa Lintong mara nyingi umechaguliwa kwa sababu zisizo za mapishi, na kwa Mwislamu kuna shida kubwa zaidi: roujiamo, ule mkate wenye nyama unaouzwa kila kona ya Xi'an, kwa kawaida hutiwa nguruwe. Wa ng'ombe unapatikana mtaa wa Wahui, Waislamu wa China, nyuma ya Mnara wa Ngoma, kwenye maduka yenye maandishi 清真, yaani halali. Beba kitu cha kutafuna asubuhi, kisha mchana mle huko yangrou paomo: unamega mkate mgumu mwenyewe, vipande vidogo kama punje za mahindi, mpishi anaumwagia mchuzi wa kondoo. Ukimega mapande makubwa mchuzi hauingii ndani.

Msikiti Mkuu uko hatua chache kutoka hapo, kwenye kichochoro cha Huajue. Kwa mapokeo ulianzishwa mwaka 742, ingawa majengo ya sasa kwa sehemu kubwa ni ya enzi ya Ming, karne ya 14 hadi 17, na mnara wake una paa za Kichina zilizopandana. Asiye Mwislamu haingii ukumbi wa swala, hivyo hapa mambo yanageuka: mwongozaji wako huenda ndiye atakayebaki nje. Aeleze uani kwanza, kisha nyinyi muingie kuswali. Waambie wauzaji mapema kwamba mnataka ratiba ifuate nyakati za swala. Mwenye kujua mji ataipanga bila taabu.

Siku yenyewe ikae hivi: kutoka hotelini saa moja na nusu asubuhi, kwa sababu geti hufunguliwa saa mbili na nusu na barabara ya kwenda Lintong huchukua kama saa nzima. Mashimo yapewe muda wa saa mbili na nusu, Lishan muda wa saa moja, kurudi mjini kula, msikiti, kisha ukuta jua likipoa. Ukuta una mzunguko wa kilometa 13.7 na baiskeli hukodishwa juu yake, lakini kipande cha Lango la Kusini kinatosha. Anayekuongezea Makumbusho ya Historia ya Shaanxi siku hiyohiyo anakuuzia ndoto. Yale huhitaji kuandikisha nafasi mapema, nafasi huisha haraka, na Jumatatu hufungwa. Tarehe 1 hadi 7 Oktoba ni likizo ya taifa, usiende kabisa kama una hiari.

Tiketi hukatwa kwa jina na namba ya pasipoti. Beba pasipoti yenyewe. Picha kwenye simu inaweza kukukwamisha getini. WhatsApp imefungwa China, kwa hiyo weka WeChat kabla ya kusafiri, na uunganishe kadi yako ya benki na Alipay, programu ya kulipia kwa simu, ukiwa bado nyumbani, maana ujumbe wa uthibitisho wa benki unaweza usikufikie kule. Malipo ya zaidi ya yuan 200 kwa kadi ya kigeni hukatwa asilimia 3, basi salio la ziara lipa mapema kwa njia nyingine.

Wa bajeti ndogo: treni ya chini ya ardhi, laini namba 9, hadi kituo cha Huaqingchi, kisha basi au teksi. Mwongozaji omba kwenye dawati la makumbusho lenyewe, si njiani.

Na ujumbe wa kumtumia muuzaji yeyote, unakili kama ulivyo: 导游会全程陪同进入景区讲解吗?导游证是什么语种?全程不进购物店,可以写进合同吗? Unauliza kama mwongozaji ataingia nanyi na kueleza mwanzo hadi mwisho, kadi yake ni ya lugha gani, na kama kutopelekwa madukani kunaweza kuandikwa kwenye mkataba. Usilipe amana mpaka majibu matatu yarudi kwa maandishi.